Milima ya Kenya na Safari ya Maji Hadi Laikipia

Wakazi wa Laikipia wanaishi kati ya milima miwili mikubwa ambayo vilele vyake haviko ndani ya mipaka ya kaunti hii. Upande wa kusini mashariki kuna Mlima Kenya, na upande wa kusini magharibi kuna safu ya Nyandarua, ambayo wengi huiita Aberdare. Mito inayopita Laikipia mwaka mzima huanzia, karibu yote, katika mojawapo ya milima hiyo. Kwa hivyo mtu anayetaka kujua kwa nini mfereji wake umekauka Februari, au kwa nini mifugo wa Mukogodo wanatembezwa mwendo mrefu zaidi kutafuta maji, ni vyema aanze kwa kutazama juu mlimani.

Makala haya yanaeleza jinsi milima ya nchi ilivyopangwa, ilivyotokea, na jinsi inavyogawa mvua. Mwanafunzi wa jiografia atakutana na mambo ya darasani. Mkulima, mfugaji na mwenye pampu kando ya mto atakutana na mambo yanayomgusa mfukoni.

Nchi pana, milima michache

Kenya ina ukubwa wa kilomita za mraba zipatazo 580,000. Takriban asilimia 80 ya eneo hilo ni ardhi kame au nusu kame. Milima mirefu imekusanyika katika sehemu ndogo tu ya nchi, kusini magharibi na katikati, na hata hapo imegawanywa mara mbili na Bonde la Ufa linalopita kutoka kaskazini hadi kusini.

Magharibi mwa bonde kuna msitu wa Mau, vilima vya Cherangani na Mlima Elgon ulio mpakani na Uganda. Mashariki mwa bonde kuna Nyandarua na Mlima Kenya. Maeneo hayo matano ndiyo huitwa minara mikuu ya maji ya Kenya, kwa sababu mito mingi mikubwa ya nchi huanzia huko: Tana, Athi, Nzoia, Mara, Ewaso Nyiro na mingineyo. Mabwawa ya umeme ya Masinga, Kamburu, Gitaru, Kindaruma na Kiambere yote yako juu ya Mto Tana, na Tana hulishwa na Mlima Kenya na Nyandarua. Taa ikiwaka Mombasa, huenda sehemu ya umeme huo ilianza kama ukungu juu ya Nyeri.

Nje ya kundi hilo kuna milima iliyotawanyika kama visiwa. Kaskazini kuna Marsabit, Kulal, Nyiru na safu ya Mathews, kila mmoja ukiwa na msitu wake wa kijani kibichi uliozungukwa na nyika kavu pande zote. Kusini kuna vilima vya Chyulu na Taita. Ukubwa wa milima hii haulingani na umuhimu wake. Mvua inayonyesha Chyulu huzama ardhini kupitia mawe yenye vitundu na kutokea tena katika chemchemi za Mzima, ambazo kwa miaka mingi zimepeleka maji Mombasa kwa bomba.

Jinsi ilivyotokea

Milima ya Kenya haikutokea kwa njia moja wala kwa wakati mmoja.

Cherangani na Taita ni ya miamba ya kale sana, yenye umri wa mamia ya mamilioni ya miaka, iliyobanwa na kupikwa ndani ya ardhi kisha ikainuliwa. Haikuwahi kuwa volkano. Mtu akiokota jiwe la Cherangani na lingine la Mlima Kenya ataona tofauti bila kuhitaji maabara: la kwanza mara nyingi lina mistari na chembe zinazong'aa.

Milima mingine mikubwa ilitokana na moto wa ardhini. Ardhi ya Afrika Mashariki ilipoanza kuvutwa na kupasuka ili kufanya Bonde la Ufa, zaha ilipata njia za kutokea. Nyandarua ni marundo ya zaha yaliyopangana kwenye ukingo wa mashariki wa bonde. Elgon ni volkano iliyo kongwe zaidi kuliko Mlima Kenya. Ilikuwa kubwa mno, na kilele chake kilibomoka na kuacha shimo pana liitwalo kaldera. Kilele chake kirefu kuliko vyote, Wagagai chenye mita 4,321, kiko upande wa Uganda. Upande wa Kenya kuna mapango kama Kitum, ambako ndovu huingia gizani usiku kuchimba chumvi ukutani kwa pembe zao.

Volkano changa ziko ndani ya bonde lenyewe. Longonot ina mita 2,776, na karibu nayo, Olkaria, mvuke wa ardhini huzalisha umeme. Menengai iko juu ya mji wa Nakuru. Chyulu nayo ilimwaga zaha hivi karibuni kabisa kwa hesabu ya milima, katikati ya karne ya 19, na zaha ile nyeusi ya Shetani bado haijaota miti mingi.

Mlima Kenya ulikuwa volkano hai miaka ipatayo milioni 3 iliyopita. Wataalamu wa miamba wanaamini kwamba enzi hizo ulikuwa mrefu kuliko ulivyo leo, pengine zaidi ya mita 6,000. Kilichotokea baadaye kinaeleza umbo lake la ajabu. Volkano ilipozimika, zaha iliyobaki kwenye koo la mlima iligandia humo humo na kuwa jiwe gumu mno, kama kizibo kwenye shingo ya chupa. Barafu na mvua vikala kuta laini zilizozunguka kizibo hicho kwa muda mrefu sana. Kuta zikaondoka, kizibo kikabaki. Vile vilele vyenye ncha kali ambavyo mtu wa Nanyuki huviona asubuhi kabla mawingu hayajafunga ndicho kizibo chenyewe.

Batian, Nelion na Lenana

Kilele kirefu zaidi ni Batian, mita 5,199. Nelion, kilicho pembeni yake, kina mita 5,188, tofauti ya mita 11 tu, lakini kati yao kuna pengo lenye barafu ambalo limewashinda wapandaji wengi. Lenana kina mita 4,985 na ndicho ambacho mtu wa kawaida mwenye afya anaweza kukifikia kwa miguu bila kamba. Barani Afrika ni Kilimanjaro tu, mita 5,895, unaouzidi Mlima Kenya.

Majina hayo matatu ni ya watu. Mbatian alikuwa laiboni mkuu wa Wamaasai katika karne ya 19. Nelion ni jina la nduguye, na Lenana ni mwanawe. Aliyevipa vilele majina hayo ni Mwingereza Halford Mackinder, aliyefika juu ya Batian tarehe 13 Septemba 1899 pamoja na César Ollier na Joseph Brocherel. Kwa Laikipia jina la Lenana lina uzito wa pekee. Yeye alikuwa miongoni mwa viongozi wa Wamaasai waliohusika na mkataba wa mwaka 1904, uliotenga Laikipia kuwa mojawapo ya maeneo mawili ya Wamaasai. Mkataba wa pili, wa mwaka 1911, uliwaondoa Wamaasai Laikipia na kuwapeleka kusini. Mwanafunzi anayekariri majina ya vilele kwa ajili ya mtihani anakariri pia, bila kujua, sehemu ya historia ya ardhi anayoikanyaga.

Mlima wenyewe ulikuwa na majina tangu zamani. Wakikuyu huuita Kirinyaga, na jamii nyingine zinazouzunguka zina majina yao. Mmisionari Ludwig Krapf aliuona kutoka Ukambani tarehe 3 Desemba 1849, na kutokana na jina alilolisikia huko kukapatikana "Kenya", jina ambalo baadaye likawa la nchi nzima. Si nchi nyingi duniani zilizopewa jina la mlima. Usiku wa uhuru, Desemba 1963, Kisoi Munyao alipandisha bendera ya taifa katika kilele cha Lenana.

Kuna kisa kingine kinachohusu Nanyuki moja kwa moja. Wakati wa Vita Vikuu vya Pili, mjini hapo kulikuwa na kambi ya wafungwa wa vita wa Kiitaliano. Mfungwa mmoja, Felice Benuzzi, alikuwa akiutazama mlima kila siku kupitia waya wa kambi hadi akaamua kuupanda. Januari 1943 yeye na wenzake wawili walitoroka wakiwa na zana walizojitengenezea kwa siri na chakula walichojinyima kidogo kidogo. Walijaribu Batian wakashindwa. Wawili wao wakafika Lenana, wakaacha bendera yao pale, kisha wote watatu wakashuka na kurudi kambini wenyewe. Waliadhibiwa kwa kufungiwa peke yao. Kisa hicho husimuliwa kama mzaha, lakini ndani yake mna onyo: mmoja wao aliugua njiani.

Onyo hilo lina maana kwa vijana wa kaunti wanaofanya kazi ya kuongoza wageni au kubeba mizigo kupitia lango la Sirimon. Lango liko kwenye mita 2,650 hivi, kambi ya Old Moses kwenye mita 3,300, na kambi ya Shipton kwenye mita 4,200. Mtu anaweza kutoka nyumbani Jumamosi asubuhi na kuwa mita 4,200 Jumapili jioni. Mwili haujazoea. Hewa ni nyepesi, na damu hubeba oksijeni kidogo. Kuumwa kichwa, kichefuchefu, kukosa hamu ya chakula na kukosa usingizi ni dalili za mwanzo. Anayekohoa na kukosa pumzi hata akiwa amekaa, anayepepesuka kama mlevi au anayesema maneno yasiyoeleweka yuko hatarini kufa, na dawa yake ya kwanza ni kushuka, saa hiyo hiyo, hata kama ni usiku. Kungoja kupambazuke kumewahi kugharimu maisha. Mbeba mizigo ana haki ya kusema anaumwa kama alivyo mgeni aliyemlipa, na koti la baridi na viatu vizuri si anasa kwake.

Kwa nini Laikipia ni kavu ilhali mlima umejaa maji

Hili ndilo swali ambalo wageni huuliza wakifika Nanyuki, na wenyeji wengi wamelizoea hadi hawalioni tena. Mlima ni mmoja. Upande wa Chogoria na Embu kuna chai, migomba na msitu mzito. Upande wa Timau na Nanyuki kuna ngano na nyasi, na ukishuka zaidi kuelekea Doldol unakuta migunga na udongo mwekundu ulio wazi.

Jibu liko katika upepo. Mvua nyingi ya mlima huletwa na hewa yenye unyevu inayotoka Bahari ya Hindi. Inapofika kwenye mteremko wa kusini mashariki hulazimika kupanda. Hewa inayopanda hupoa, kiasi cha nyuzi 6.5 hivi za selsiasi kwa kila mita 1,000, na hewa iliyopoa haiwezi kuendelea kubeba unyevu wake wote. Mawingu yanatunga, mvua inanyesha. Sehemu za mteremko huo hupata zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka. Hewa ikishavuka kilele na kuanza kushuka upande wa pili, imekwisha kumwaga mzigo wake, na kwa kushuka inapata joto na kuzidi kukauka. Eneo lililo nyuma ya mlima kwa namna hiyo huitwa kivuli cha mvua. Kaskazini mwa Laikipia hupata karibu milimita 400 katika mwaka wa kawaida, na miaka ya kawaida imekuwa adimu. Magharibi, kuelekea Nyahururu na Marmanet, hali ni nafuu kwa sababu huko hufika pia mvua ya Juni hadi Agosti inayotoka upande wa magharibi.

Walimu wanaweza kutumia hesabu ile ya nyuzi 6.5 darasani. Nanyuki iko kwenye mita zipatazo 1,950 na Batian mita 5,199. Tofauti ni mita 3,250 hivi. Zidisha 3.25 kwa 6.5, unapata nyuzi 21. Mchana ambao mjini kuna nyuzi 22, kule juu hali iko karibu na nyuzi moja, na usiku huwa chini ya sifuri, ingawa ikweta inapita karibu kabisa na mji.

Kivuli cha mvua kinaonekana hata katika miti. Pande za mlima zenye mvua nyingi kuna ukanda mpana wa mianzi kati ya msitu na nyika za juu. Upande wa kaskazini ukanda huo karibu haupo kabisa. Badala yake kuna mitarakwa na mizeituni ya mwitu, miti inayovumilia ukavu lakini inayokua polepole mno. Mtarakwa uliokatwa leo kwa ajili ya nguzo za ua hauwezi kurudishwa na anayeukata. Utarudishwa na wajukuu wake, kama utarudishwa.

Barafu inaisha, lakini maji hayatoki huko

Mwishoni mwa karne ya 19, Mlima Kenya ulikuwa na mapande 18 ya barafu ya kudumu. Mengi yamekwisha kutoweka. Barafu ya Lewis, iliyokuwa kubwa kuliko zote na iliyopimwa mara nyingi zaidi, ilipoteza asilimia 90 hivi ya ujazo wake kati ya mwaka 1934 na 2010, na imeendelea kupungua. Wazee wa Nanyuki wanaosema kwamba mlima ulikuwa mweupe zaidi walipokuwa watoto hawakosei.

Hata hivyo, ni muhimu kusahihisha jambo moja ambalo husemwa sana mikutanoni: kwamba mito inakauka kwa sababu barafu imeyeyuka. Barafu ile ilikuwa ndogo ikilinganishwa na mlima, na mchango wake katika mito umekuwa mdogo kwa miaka mingi. Maji ya mito ya Naro Moru, Burguret, Nanyuki, Likii na Sirimon hutokana hasa na mvua inayonyesha katika ukanda wa msitu na nyika za juu. Udongo wa huko ni mweusi, mzito, umejaa mizizi na majani yaliyooza, na hunyonya mvua kama sponji. Ndani ya msitu matawi na ndevu za miti hukamata hata ukungu usiokuwa mvua. Maji hayo huzama taratibu ndani ya miamba na kutoka tena kama chemchemi miezi kadhaa baadaye. Mto unaotiririka Februari, wakati hakuna wingu, unatumia akiba ya mvua ya Novemba.

Tofauti hii si ya wasomi peke yao. Ikiwa mito ilitegemea barafu, mkazi wa Laikipia hangekuwa na la kufanya ila kutazama. Kwa kuwa inategemea udongo na msitu, kila tanuri la makaa, kila shamba linaloingia ndani ya mpaka wa msitu na kila moto unaowashwa na warina asali au wachungaji una hesabu yake mtoni. Machi 2012 moto uliteketeza sehemu kubwa ya nyika za juu za Mlima Kenya, wakati wa kiangazi na upepo mkali. Mahali palipoungua, mvua ya kwanza haizami. Hutiririka juu juu, ikabeba udongo, mto ukafurika siku mbili kisha ukapungua kuliko kawaida.

Hifadhi ya taifa ya Mlima Kenya ilianzishwa mwaka 1949, na mwaka 1997 mlima uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO. Mwaka 2013 eneo hilo lilipanuliwa kujumuisha Lewa na msitu wa Ngare Ndare, jirani kabisa na Laikipia. Ndovu hupita kati ya msitu huo na mlima kwa ushoroba unaovuka barabara kuu ya Nanyuki kwenda Meru kupitia njia iliyojengwa chini ya barabara.

Nyandarua, mlima unaosahaulika

Kwa kuwa hauna kilele chenye ncha wala barafu, Nyandarua hauvutii macho kama Mlima Kenya. Kilele chake cha kaskazini, Ol Donyo Lesatima, kina mita 4,001, na cha kusini, Kinangop, mita 3,906. Kati yake kuna nyanda za juu zenye baridi, mabwawa ya matope na maporomoko. Jina Aberdare lilitolewa na msafiri Joseph Thomson mwaka 1884 kwa heshima ya mkuu wa chama cha wanajiografia wa Uingereza.

Bila Nyandarua, Nairobi haina maji, kwani bwawa la Ndakaini linalohudumia mji huo hujazwa na mito ya safu hiyo. Ziwa Naivasha nalo hupokea Mto Malewa kutoka huko. Kwa Laikipia kuna Ewaso Narok, unaoshuka hadi Nyahururu, ukaanguka mita 74 kwenye maporomoko ya Thomson, ukapita kwenye kinamasi cha Rumuruti na kuungana na Ewaso Nyiro. Uzio wa umeme wenye urefu wa kilomita zipatazo 400 ulikamilika kuizunguka safu hiyo mwaka 2009. Umepunguza ndovu mashambani na misumeno msituni, ingawa uzio hauzuii mtu mwenye nia na hauzuii moto hata kidogo.

Mto mmoja, kaunti nyingi

Mto Ewaso Nyiro ndio unaounganisha mambo yote hayo. Vijito vyake vinaanzia katika milima iliyo chini ya kaunti nyingine, vinapita Laikipia, kisha mto unaingia Samburu na Isiolo na hatimaye kuishia katika kinamasi cha Lorian, mashariki, bila kufika baharini. Laikipia iko katikati. Inalalamikia walio juu, na walio chini wanailalamikia yenyewe, na malalamiko yote mawili yana haki.

Hesabu ni rahisi. Pampu inayovuta lita moja kwa sekunde, ikiachwa usiku na mchana, huvuta lita 86,400 kwa siku. Kijito kinachotoa lita 100 kwa sekunde wakati wa kiangazi kinaonekana kina maji ya kutosha. Pampu na mifereji hamsini ya lita mbili kila mmoja inakimaliza chote, na hakuna hata mmoja wa wale hamsini atakayejiona amechukua maji mengi. Tatizo hili halitokei Mei, mto ukiwa umejaa. Hutokea Januari hadi Machi, na wakati mwingine Septemba, wakati kila shamba linahitaji maji siku ile ile.

Kwa mujibu wa Sheria ya Maji ya mwaka 2016, anayechukua maji mtoni kwa pampu au mfereji anahitaji kibali cha Mamlaka ya Rasilimali za Maji, inayojulikana kwa kifupi kama WRA. Kuteka kwa ndoo kwa matumizi ya nyumbani hakuhitaji kibali. Serikali ya kaunti inahusika na huduma za maji ya bomba, lakini haitoi vibali vya mtoni, jambo ambalo huwachanganya wengi na kuwafanya wapoteze siku wakizunguka ofisi zisizohusika. Kwenye mito kuna vyama vya watumiaji maji, ambavyo hupanga zamu mto unapopungua. Chama kinachofanya kazi vizuri hutambulika kwa jambo moja: wakati wa kiangazi kipimo cha mto husomwa na matokeo hutangazwa wazi, ili mwenye shamba la juu na mchungaji wa chini waone namba ile ile.

Maji ya mvua ni upande mwingine wa hesabu. Paa la mabati lenye mita za mraba 50, mahali panapopata milimita 600 kwa mwaka, hupokea lita 30,000. Hata moja ya tano ikipotea kwa kumwagika na kukauka, zinabaki lita 24,000. Familia inayotumia lita 100 kwa siku ina maji ya siku 240. Kaskazini, penye milimita 400, paa hilo hilo hutoa lita 16,000 baada ya upotevu, yaani siku 160. Mwenye tenki dogo hatavuna zote, kwa sababu mvua huja kwa kishindo na tenki hujaa na kumwagika kabla msimu haujaisha. Ndiyo maana shambani vidimbwi vilivyochimbwa na kutandikwa plastiki ya mabwawa vinazidi kupendelewa: vinapokea maji yanayotiririka Aprili na Novemba, wakati mto hauna mgogoro, na kuyatoa Februari, wakati mto unagombaniwa.

Anayetaka kuona yote haya kwa macho yake anaweza kusimama kwenye daraja lolote la barabara ya Nanyuki kuelekea Naro Moru mwishoni mwa Februari, kabla ya saa mbili asubuhi. Mlima utakuwa wazi. Chini ya daraja ataona ni mawe mangapi yamefunikwa na maji na mangapi yako juu, na akitembea kando ya mto kuelekea chini kwa saa moja ataweza kuhesabu mabomba.